Binti wa Budapest aliyewatoa nishai wababe wa sataranji

Leo nataka kuwapeleka Ulaya, kwenye jiji la Budapest, mkamwone binti mmoja aliyewatia adabu wanaume waliokuwa wanatamba kwenye sataranji. Ila kabla hatujaondoka, naomba niwasimulie aibu yangu mwenyewe, maana bila hiyo aibu hii makala isingekuwepo.

Mtaani kwetu kuna kijiwe chini ya mwembe. Zamani ilikuwa drafti tu, vifuniko vya soda kwenye ubao uliochorwa kwa mkono. Halafu mshkaji mmoja akaja na boksi la sataranji alilopewa na mjomba wake, kete zote zimetimia isipokuwa askari mmoja, tukaweka kifuniko badala yake. Masela tukajifunza taratibu. Mimi, ambaye baada ya kumaliza kidato cha nne sikuwa na kazi ya kueleweka, nikakomaa na ule ubao mpaka nikawa miongoni mwa wanaoogopwa. Au niseme, ndivyo nilivyojiona.

Mdogo wangu wa kike ana miaka 12. Kila mchana alikuwa anatumwa kuja kuniita chakula. Akifika anasimama nyuma ya benchi, haongei, anatazama tu. Kumbe mwenzangu alikuwa anasoma! Jumapili moja jamaa niliyepangiwa kucheza naye akaingia mitini, dogo akaja akakaa kwenye nafasi yake. Watu wakacheka, na mimi nikacheka, nikamwambia haya panga.

Haikupita muda malkia wangu akawa amebanwa. Nikashika farasi, nikamweka, nikamwachia, ndipo nikaona kimbembe kinachonijia. Haraka haraka nikamrudisha, nikajifanya nilikuwa nafikiria tu. Sheria ya kijiwe kila mtu anaijua: ukigusa umecheza. Dogo akaniangalia usoni, akauchuna. Na bado akanifunga! Wana walipiga kelele mpaka muuza kahawa akasimama kuuliza kuna nini. Hapo ndipo niliposema maneno ambayo hadi leo nikiyakumbuka naona haya: "Inuka, nenda nyumbani kaoshe vyombo, hapa ni pa wanaume."

Akainuka, akaondoka. Tangu siku hiyo nikawa naitwa chakula na mtoto wa jirani.

Wiki kadhaa baadaye nikawa natafuta habari za mabingwa wa sataranji ili niandike kwenye ukurasa huu. Nia yangu ilikuwa kuandika juu ya akina Bobby Fischer na Garry Kasparov, yaani wazee wa kazi. Nikakutana na Judit Polgar. Nilivyosoma habari zake nikaona kama mtu ananisema mimi.

BABA ALIYEPANIA

Judit alizaliwa Budapest, mji mkuu wa Hungaria, Julai 23, 1976. Ni mtoto wa mwisho katika mabinti watatu. Wa kwanza ni Susan, aliyezaliwa mwaka 1969, anayefuata ni Sofia, wa mwaka 1974. Baba yao, Laszlo Polgar, alikuwa mtu wa elimu na saikolojia, mama yao Klara alikuwa mwalimu.

Huyu mzee Laszlo alikuwa na msimamo mmoja ambao watu waliuona ni wazimu. Alisema mtu mwenye akili za ajabu hazaliwi, anatengenezwa. Hakusema kwa mdomo tu, alidhamiria kuthibitisha kwa watoto wake mwenyewe, na mpango huo alimweleza Klara kabla hata hawajaoana. Wewe dada unayesoma hapa, jiulize, angekuja kijana kukuposa na hadithi kama hiyo ungemwitikia? Klara alikubali.

Sataranji iliingia nyumbani kwa bahati. Susan akiwa mtoto mdogo alikuta boksi la kete akadhani ni vinyago vya kuchezea, akataka afundishwe. Baba akaona huu ndio mchezo wenyewe, kwa sababu kwenye sataranji hakuna ubishi wa nani mkali. Umeshinda, umefungwa au umetoka sare, basi. Hakuna jaji wa kukupendelea. Susan akiwa na miaka minne tu akashiriki mashindano ya wasichana wa Budapest walio chini ya miaka 11, akacheza mechi 10, akashinda zote 10.

Mzee akawaweka watoto nyumbani, wakasomea hapo hapo, shuleni wakawa wanakwenda kufanya mitihani. Hungaria enzi hizo ilikuwa chini ya serikali ya kikomunisti, na mtoto kukaa nyumbani badala ya shule lilikuwa soo kubwa. Mzee alivutana sana na wakubwa mpaka akapata ruhusa. Nyumba yenyewe haikuwa ya kitajiri, lakini ilijaa vitabu vya sataranji na kumbukumbu za mechi za mabingwa. Judit alikulia humo, akitazama dada zake wakicheza. Akiwa na miaka mitano na yeye akaanza kufundishwa.

Kuna jambo moja ambalo mzee huyu alilifanya, nami naliona ndilo lenye siri yote. Alikataa mabinti zake wafungiwe kwenye mashindano ya wanawake peke yao. Hesabu yake ilikuwa rahisi: ukicheza na mtu aliyekuzidi kila siku, na wewe utapanda. Ukicheza na wale wale mnaolingana, mtabaki hapo hapo mlipo. Na kwa wakati ule wachezaji wakali zaidi duniani walikuwa wanaume, hivyo akataka mabinti zake wakae meza moja na wanaume.

FARASI WA FISCHER

Sasa msikie wanaume wenyewe walikuwa wanasemaje. Bobby Fischer, Mmarekani aliyekuja kuwa bingwa wa dunia mwaka 1972 kwa kumpiga Boris Spassky kule Reykjavik, mwaka 1962 alinukuliwa akisema wanawake hawajui sataranji, na kwamba yeye angeweza kumpa nafuu ya farasi mwanamke yeyote duniani na bado akamfunga. Kwa wale msiocheza, maana yake ni kwamba angeanza mchezo akiwa na farasi mmoja tu wakati mwenzake anao wawili. Ni sawa na bondia kusema nitapigana na wewe huku mkono mmoja nimeufunga mgongoni.

Wala si Fischer peke yake. Kasparov naye, ambaye alichukua ubingwa wa dunia mwaka 1985 akiwa na miaka 22, aliwahi kusema hadharani kwamba wanawake si watu wa kufika kileleni kwenye mchezo huu.

Wakubwa wa mchezo nao hawakuwa mbali. Kwenye orodha ya viwango ya Januari 1987 Shirikisho la Sataranji Duniani, FIDE, liliwaongezea pointi 100 wanawake wote waliokuwamo. Wote, isipokuwa mmoja: Susan Polgar. Wakatoa sababu kwamba wanawake wengine wanacheza wenyewe kwa wenyewe ndiyo maana pointi zao ziko chini, wakati Susan anacheza na wanaume. Yaani binti aliyethubutu kukaa na wakubwa ndiye aliyekosa nyongeza, na papo hapo akashuka kutoka nafasi ya kwanza duniani. Bwana wee, kuna adhabu nyingine hazina jina.

KIMBEMBE CHA MWAKA 1988

Mwaka uliofuata ndipo dunia ilipokaa sawa. Katika Olimpiadi ya Sataranji iliyofanyika Thessaloniki, Ugiriki, mwaka 1988, timu ya wanawake ya Hungaria ilikuwa na wachezaji wanne tu: Susan, Judit, Sofia na mwenzao Ildiko Madl. Wasovieti walikuwa wamezoea kubeba dhahabu ya wanawake kana kwamba ni mali ya urithi. Safari hii Hungaria wakawapita kwa nusu pointi, wakarudi Budapest na dhahabu.

Judit alikuwa na miaka 12. Nairudia kwa sababu nilipoisoma nilisimama kidogo: miaka 12, sawasawa na mdogo wangu. Alicheza mechi 13, akashinda 12, akatoka sare moja, hakufungwa hata moja. Orodha ya viwango ya Januari 1989 ilipotoka, huyo mtoto alikuwa wa kwanza duniani kwa upande wa wanawake, na nafasi hiyo hakuiachia mpaka alipotangaza kustaafu Agosti 2014. Hiyo ni zaidi ya miaka 25.

Mwaka huo huo wa 1989 dada yake Sofia, miaka 14, akaenda Roma, kwenye mashindano yaliyojaa wakubwa wa mchezo, akapata pointi nane na nusu kati ya tisa. Mzee Laszlo alikuwa anazidi kuthibitisha maneno yake.

Halafu ikaja Desemba 1991. Judit aliingia kwenye ubingwa wa taifa wa Hungaria, si wa wanawake, ule wa wote, akautwaa. Kwa ushindi huo akapata cheo cha grandmasta, ambacho ndicho cheo cha juu kabisa kwenye sataranji, ukishakipata ni chako mpaka unakwenda kaburini. Alikuwa na miaka 15 na miezi minne. Rekodi ya kijana mdogo kuliko wote kufikia cheo hicho ilikuwa imeshikiliwa tangu mwaka 1958. Unajua na nani? Na Bobby Fischer, yule wa nafuu ya farasi, aliyekipata akiwa na miaka 15 na miezi sita. Binti akampiku kwa zaidi ya mwezi mmoja. Rekodi yenyewe imekuja kuvunjwa na vijana wengine wengi baadaye, lakini wa kwanza kuivunja ya Fischer alikuwa huyu huyu Judit.

Kichekesho ni kwamba miaka michache baadaye Fischer, akiwa amekimbia matatizo yake na serikali ya Marekani, alikwenda kuishi Hungaria, akawa mgeni wa familia ya Polgar. Nadhani habari za farasi wa nafuu hazikuzungumzwa.

FARASI WA KASPAROV

Hapa ndipo penye kisa kilichonikaa kooni. Mwaka 1994, kwenye mashindano ya Linares, Hispania, Judit alikutana na Kasparov kwa mara ya kwanza katika mechi rasmi. Yeye ana miaka 17, mwenzake ndiye namba moja duniani. Katikati ya mchezo Kasparov akashika farasi wake, akampeleka kwenye nyumba fulani, vidole vikaachia, halafu akamrudisha na kumpeleka kwingine. Judit aliona. Alimtazama mwamuzi, mwamuzi akanyamaza. Na yeye akanyamaza, akaendelea kucheza, akafungwa.

Kamera za televisheni zilikuwa pale. Mkanda ulipotazamwa ukaonyesha kweli vidole vilimwachia farasi kwa muda mdogo sana, kama robo ya sekunde. Kasparov kwa upande wake alishikilia kwamba hakujua kama amemwachia. Matokeo yakabaki yale yale.

Mpenzi msomaji, nilipofika hapo niliweka kalamu chini. Kasparov ana utetezi wa robo sekunde. Mimi wangu nilimwachia kabisa, nikapata hata muda wa kujikuna kichwa.

Ila Judit hakukaa kulia. Mwaka huo huo akaenda Madrid kwenye mashindano ya wakubwa watupu, akamaliza wa kwanza kwa pointi saba kati ya tisa. Mwaka mmoja nyuma alikuwa ameshampiga Spassky, bingwa wa zamani wa dunia, katika pambano la mechi 10 lililoisha kwa pointi tano na nusu kwa nne na nusu. Akawa mtu wa kuogopwa, na uchezaji wake ulikuwa wa kushambulia, hana mambo ya kusubiri subiri.

Halafu ikafika Septemba 2002, mjini Moscow. Lilikuwa pambano la Urusi dhidi ya Dunia nzima, mechi za muda mfupi. Judit akapangwa tena na Kasparov, na Kasparov bado alikuwa namba moja wa viwango. Safari hii hakukuwa na farasi wa kurudishwa. Mchezo ulipofika hatua ya 42 Kasparov akakubali yaishe. Ikawa mara ya kwanza kwa mwanamke kumfunga mwanamume aliye namba moja duniani kwenye mashindano. Timu ya Dunia nayo ikashinda, 52 kwa 48, nyumbani kwa Warusi wenyewe.

Kwa jumla, katika maisha yake Judit amewafunga watu 11 waliowahi kushika ubingwa wa dunia. Mwaka 2004 alijifungua mtoto wa kwanza, watu wakasema basi tena. Mwaka 2005 alirudi, akafika kiwango chake cha juu kabisa, pointi 2735, akawa wa nane duniani, wanaume na wanawake kwa pamoja. Mwaka huo akawa mwanamke wa kwanza kucheza fainali za ubingwa wa dunia wa wote, kule San Luis, Argentina. Sitaki kuwadanganya, kule aliambulia nafasi ya mwisho kati ya watu wanane. Lakini kuwa wa mwisho kwenye meza ya watu wanane bora ni tofauti na kuambiwa meza si yako.

Ubingwa wa dunia wa wanawake hakuwahi kuugombea. Huo dada yake Susan aliuchukua mwaka 1996 kwa kumshinda Xie Jun wa China. Na Kasparov? Miaka baadaye aliandika mwenyewe kwamba akina Polgar walionyesha uwezo wa mwanamke kwenye sataranji hauna mpaka wa kuzaliwa nao. Mwanaume ni yule anayekubali alipokosea, au siyo?

NA JIRANI ZETU JE?

Najua kuna msomaji atasema hao ni Wazungu, baba kasoma, nyumba imejaa vitabu. Haya, njoo hapa jirani, Kampala, kwenye mtaa wa mabanda wa Katwe. Mwaka 2005 kocha mmoja, Robert Katende, alikuwa anawafundisha watoto sataranji, na akawapikia uji. Msichana aitwaye Phiona Mutesi, wa miaka kama tisa hivi, alifika pale akimfuata kaka yake. Baba alikuwa ameshafariki, shule imesimama kwa kukosa ada, mama anauza mboga. Uji ndio uliomvuta. Aliyemfundisha kete zinavyokwenda alikuwa mtoto wa kike mdogo kuliko yeye.

Phiona akaanza kuwafunga wavulana. Mwaka 2009 akapanda ndege kwa mara ya kwanza kwenda Juba, yeye na wavulana wawili kutoka Katwe, wakarudi na kombe la timu. Mwaka 2010 akaiwakilisha Uganda kwenye Olimpiadi ya Khanty-Mansiysk, Urusi. Mwaka 2012, baada ya Olimpiadi ya Istanbul, yeye na mwenzake Ivy Amoko wakawa wanawake wa kwanza wa Uganda kupata cheo cha FIDE. Si cheo kikubwa, ni ngazi ya chini kwa wanawake, lakini ni cheo. Mwaka 2016 kisa chake kikawa sinema, Lupita Nyong'o akaigiza kama mama yake, na mwaka uliofuata Phiona akaenda chuo kikuu Marekani.

Nyumba ya Polgar na mabanda ya Katwe havifanani hata kidogo. Kinachofanana ni kimoja tu: kote kuna mtu aliyemwambia mtoto wa kike, kaa. Sisi tunamfukuza kwenye benchi, halafu kesho tunasimama hapo hapo tunasema wanawake hawajui. Watajuaje, na tuliokalia ubao ni sisi?

UKIGUSA UMECHEZA

Basi juzi jioni nilikwenda kijiweni nikaomba ule ubao kwa usiku mmoja. Nikarudi nao nyumbani. Dogo alikuwa uani, kainamia karai la vyombo. Sikujua nianzie wapi, nikachukua sufuria, nikaanza kusugua. Bi mkubwa akachungulia dirishani akadhani ninaumwa.

Vilipokwisha nikapanga kete juu ya ndoo iliyopinduliwa. Nikamwambia ile siku nilimrudisha farasi, na nililijua nililolifanya. Hakujibu. Alikausha mikono kwenye kanga, akavuta kigoda, akasogeza askari wake hatua mbili mbele.

"Ukigusa umecheza, kaka," akasema.

Nilipigwa mbili bila. Jumapili hii nampeleka kijiweni mwenyewe, na atakayecheka aanze kwa kupanga kete. Na wewe mshkaji unayesoma, kama kuna mtu amesimama nyuma ya benchi lenu, jisogeze kidogo. Wiki ijayo, Mungu akipenda.